Nyumba imeshauzwa mnadani na tribinali: mwenye deni bado anaweza kuikomboa?

Nadine_Kampemba

Jambo yenu wote. Naandika kwa ajili ya yaya yangu, yaani ndugu yangu mkubwa, yeye yuko Kolwezi kwa kazi na simu yake leo inapatikana, kesho haipatikani. Nyumba yake ya hapa Lubumbashi, Bel-Air, komini ya Kampemba, aliiweka garanti banki alipokopa pesa ya kununua kamiyo. Kamiyo ikapinduka njia ya Kasumbalesa, asiransi (bima) ikamzungusha, deni likalala. Ijumaa iliyopita tribinali imeuza nyumba kwa dola 60,000. Majirani wote wanasema parseli kama ile haishuki chini ya 100,000. Deni lenyewe lilibaki 41,000 na kitu, faida (riba) ndani.

Sasa kwenye grupu ya familia kuna odio inazunguka. Mtu anasema kwa sauti ya kujiamini kabisa kwamba sheria inampa mwenye nyumba siku 60 baada ya mnada. Ndani ya siku hizo unaleta deni lote tribinali, unamwongezea mnunuzi asilimia 5 ya bei aliyotoa, na nyumba inarudi kwako, mnunuzi apende asipende. Familia imeanza kuchanga. Muyomba (mjomba) wa Likasi ameshauza ng'ombe. Kabla pesa haijaingia kwenye bahasha, naomba anayejua aniambie: ni kweli au ni maneno?

Papa_Jado_Rwashi

Mama Nadine, pole. Maji yakimwagika hayazoleki. Rudisheni ng'ombe wa muyomba zizini.

Mutoto_wa_Grand_Rapids

Papa Jado, usikate watu tamaa haraka. Mimi niko Michigan. Huku nyumba ikiuzwa na sherifu, kwa kawaida mwenyewe anabaki na miezi 6 ya kuikomboa, na anaendelea kulala ndani. Jirani yangu alifanya hivyo. Kwa hiyo hiyo odio inaweza kuwa ya kweli.

Papa_Jado_Rwashi

Michigan siyo Kampemba, leki.

Karani_wa_Kabine

Nimefanya kazi miaka mingi kwenye kabine ya maavoka (mawakili) hapa mjini, kazi yangu ni kupeleka dosie kwenye grefe, ile ofisi ya makarani wa tribinali, na kuhesabu siku. Mama Nadine, nitakujibu kwa urefu kwa sababu odio hiyo nimeisikia pia, na wewe siyo wa kwanza kuniuliza.

Yule mtu wa odio hakudanganya. Alisoma sheria ya kweli, ila ni ya India. Kule wana sheria ya mwaka 1882 juu ya kuhamisha mali, na kifungu chake cha 60 kinampa aliyeweka rehani haki ya kulipa na kurudishiwa mali yake. Kanuni zao za kesi za madai zinaongeza kwamba hata tribinali ikishauza, mwenye mali anaweza kuomba mauzo yafutwe akiweka tribinali deni lililotangazwa kwenye mnada, pamoja na asilimia 5 ya bei kwa ajili ya mnunuzi. Muda ni siku 60 tangu mnada. Asilimia 5 ndiyo kumfuta mnunuzi machozi. Waingereza ndio waliopanda mbegu hiyo: majaji wao wa zamani waliona rehani ni dhamana ya deni tu, na mwenye deni hapaswi kunyang'anywa mali kwa sababu siku ya kulipa imempita.

Na hata India mlango huo hauko wazi kwa kila mtu. Banki zao zina sheria nyingine ya mwaka 2002 inayoziruhusu kuuza bila kupita tribinali. Ilirekebishwa 2016, na Septemba 2023 Mahakama ya Juu kabisa ya nchi ile ikaamua katika kesi ya Celir na Bafna Motors kwamba kwenye njia hiyo ya banki, haki ya kukomboa inakufa siku tangazo la mnada linapochapishwa. Yaani hata kabla ya mnada wenyewe! Kwa hiyo hata Mhindi leo anauliza kwanza: aliyeniuzia ni nani, tribinali au banki?

Sisi hatukurithi Waingereza. Tulirithi Wabelgiji, halafu tarehe 12 Septemba 2012 Kongo ikaingia rasmi OHADA, umoja wa nchi za Afrika zenye sheria moja za biashara. Tangu siku hiyo kukamata na kuuza nyumba ya mwenye deni kunafuata sheria moja na Kameruni, Senegali, Kodivaa na wenzao, na ubishi wa mwisho juu ya sheria hiyo hauamuliwi Kinshasa, unaenda kwenye korti ya pamoja kule Abidjan. Katika sheria hiyo hakuna siku 60. Hakuna asilimia 5. Mwenye deni hana haki ya kukomboa baada ya mnada.

Ila usifunge simu. Iko milango midogo, na kwenu mmoja bado uko wazi leo. Niambie kwanza: komandema ya uisie, yaani karatasi ya kudai deni iliyoletwa na mpeleka hati wa tribinali, ina tarehe gani, na mnunuzi ameshalipa?

Nadine_Kampemba

Asante sana Papa Karani. Komandema ni ya Oktoba 2023, nimeipiga picha hapa. Kesi iliahirishwa mara nyingi, ndiyo maana imefika leo. Mnunuzi kulipa sijui. Binamu yangu aliyekuwa pale anasema ni bwana mmoja mwenye depo ya saruji, alikuja na avoka wake, na watu waliopandisha bei walikuwa wawili tu. Anasema waliwasha mishumaa midogo mbele ya jaji, yeye akadhani ni maombi.

Mama_Furaha_Katuba

🤣🤣 Mishumaa tribinali?

Karani_wa_Kabine

Mama Furaha, usicheke, ni sheria. Sheria ya OHADA ya 1998 inasema wawashe mishumaa iliyotengenezwa ili kila mmoja uwake kama dakika moja. Mtu akitaja bei, wanawasha mwingine. Mishumaa mitatu ikizimika mmoja baada ya mwingine bila mtu kuongeza, nyumba imekwenda. Nimeona watu wazima wakiangalia ule utambi kama mpira wa fainali.

Mama Nadine, tarehe ya komandema ni muhimu kuliko unavyodhani. Sheria ya OHADA ya kukamata mali ilikuwa ya tarehe 10 Aprili 1998. Ikafanywa upya hapahapa kwetu, Kinshasa, tarehe 17 Oktoba 2023, na toleo jipya likaanza kufanya kazi mapema 2024. Dosie ya yaya yako ilianza kabla, kwa hiyo ninahesabu kwa ile ya 1998. Mwingine anayesoma hapa na komandema yake ni ya juzi, amwambie avoka wake afungue toleo jipya na kuhakikisha kila muda kabla ya kunukuu maneno yangu.

Mlango wa kwanza ndio ulio wazi kwenu: kupandisha bei baada ya mnada, maavoka wanaita siranshere. Ndani ya siku 10 baada ya nyumba kuuzwa, mtu yeyote anaweza kwenda kwenye grefe na kutangaza kwamba anatoa zaidi, mradi nyongeza iwe angalau sehemu ya kumi. Mnada wa Ijumaa unatikiswa, wanapanga kikao kipya. Kikao hicho kipya kikimaliza, hakuna tena wa kupandisha juu yake.

Sasa sikiliza vizuri: mtu yeyote, lakini siyo yaya yako. Avoka hana ruhusa ya kutaja bei kwa niaba ya yule aliyekamatiwa nyumba, wala kwa niaba ya mtu anayejulikana hana uwezo. Muyomba wa Likasi anaweza. Shemeji anaweza. Na akishatangaza, harudi nyuma. Kikao kipya kikikosa wa kumzidi, nyumba ni yake, na lazima alipe bei yote. Kwa hiyo huyo muyomba hakomboi nyumba ya yaya yako. Ananunua nyumba. Cheti kitatoka kwa jina lake. Mkikubaliana kwenye familia kwamba baadaye atairudisha, hayo ni yenu na imani yenu, na mimi nimeona familia zikivunjika hapo kuliko kwenye mnada wenyewe. Andikeni karatasi mbele ya notere, yule anayethibitisha mikataba, kabla ya kuweka hata dola moja.

Nadine_Kampemba

Na kama tunaleta 41,000 tu, deni lote, tunamwekea jaji mezani?

Karani_wa_Kabine

Mngeileta Alhamisi, siku moja kabla, ingetosha kuzima kila kitu, pamoja na gharama za uisie na avoka wa banki. Banki ikishalipwa haina cha kuuzia. Tangu Ijumaa mnunuzi naye ana haki yake, na banki haiwezi kuigawa.

Tresor_Golf

Karani, wewe ni mtu wa sheria, sema ukweli: sheria hii imetengenezwa kwa ajili ya banki. Nyumba ya 100,000 inaenda 60,000 na mtu anaambiwa ana siku 10! Siku 10 mtu wa Kolwezi hajapata hata habari.

Banki_na_Jasho

Mimi nafanya kazi upande wa mikopo, sitataja banki. Bwana Tresor, banki haifurahii mnada. Kila mnada ni miezi ya kukimbia tribinali, gharama, na mwisho unapata pesa pungufu. Tunachotaka ni mtu aje ofisini mwezi wa kwanza anapoona mambo yanamshinda. Wanakuja lini? Wanakuja na askofu mkononi siku tangazo limebandikwa kwenye geti.

Tresor_Golf

Wanakuja mkiwa mmeshawazungusha mara nne. Na huyo afisa wenu anayesema "rudi wiki ijayo" haandiki popote.

Banki_na_Jasho

Basi mwandikie wewe. Barua, nakala mbili, wakugongee muhuri wa kupokea kwenye nakala yako. Mteja mwenye karatasi hiyo anaongea tofauti mbele ya jaji.

Karani_wa_Kabine

Hapo namuunga mkono mtu wa banki, ingawa Tresor hajakosea juu ya siku 10. Kwa mji huu, ambako nusu ya wanaume wako kwenye migodi ya Kolwezi au Fungurume, siku 10 ni fupi mno. Lakini mkitazama sheria yote, mtu aliyepoteza nyumba Ijumaa alikuwa amepitiwa na nafasi nyingi mwezi baada ya mwezi, na karibu zote zilikuja kwa uisie, kwa Kifaransa kizito, zikawekwa juu ya kabati.

Komandema yenyewe inampa mtu siku 20 za kulipa. Akilipa, yameisha. Asipolipa, komandema inaandikwa kwa konservateri wa vyeti vya ardhi, na kuanzia hapo nyumba imekamatwa: huwezi kuiuza wala kuiweka garanti kwingine. Halafu banki inaweka kwenye grefe daftari la masharti ya mauzo, ambalo lina bei ya kuanzia, na bei hiyo haitakiwi kuwa chini ya robo ya thamani ya nyumba sokoni. Mwenye nyumba anaitwa asome daftari hilo. Kuna kikao maalum kabla ya mnada, wanaita odiansi evantueli, na hapo ndipo vita inapiganwa! Unasema komandema ina kasoro, hesabu ya deni si sahihi, bei ya kuanzia ni ya dharau. Unaweza kuomba mnada usimame kama unaonyesha kwamba mapato safi ya nyumba zako kwa miaka 2, kodi za wapangaji kwa mfano, yanatosha kulipa deni lote. Na hata mbali na hayo, jaji ana uwezo wa kumpa mwenye deni muda au kugawa malipo ndani ya mwaka mmoja, isipokuwa deni la matunzo ya chakula na yale ya hati za biashara.

Nani anakwenda kwenye kikao hicho? Nimekaa kwenye viti vile. Upande wa mwenye deni mara nyingi ni ukuta mtupu.

Nadine_Kampemba

Nimesoma tena komandema. Naona inasema uisie ana mamlaka maalum ya kukamata kutoka kwa banki, lakini hiyo karatasi ya mamlaka haikuambatanishwa. Binamu anasema hiyo peke yake inabomoa mnada. Ni kweli?

Karani_wa_Kabine

Binamu ana jicho zuri, amechelewa tu. Nakala ya mamlaka hiyo ilitakiwa kuwemo, na kasoro hiyo ilikuwa ya kusemwa kabla ya odiansi evantueli.

Mlango wa pili baada ya mnada ni kuomba ufutwe, na muda wake ni siku 15 tangu mauzo, mbele ya tribinali ileile. Lakini sababu zinazokubaliwa ni zile zilizotokea kwenye odiansi evantueli au baada yake: tangazo la mnada halikubandikwa inavyotakiwa, muda wa kulichapisha haukuheshimiwa, mtu asiyeruhusiwa amenunua, mambo ya aina hiyo. Kasoro ya komandema imeshazikwa. Na jaji atauliza pia hiyo kasoro ilimuumiza nini yaya yako. Rufaa ya kawaida dhidi ya uamuzi wa mnada haipo.

Kwa hiyo kazi ya binamu kesho: aende kutafuta lini tangazo lilitoka kwenye gazeti na lini lilibandikwa kwenye mlango wa nyumba. Linatakiwa litoke kati ya siku 30 na siku 15 kabla ya mnada. Wapangaji wa yaya yako wataikumbuka siku ile. Karatasi nyeupe yenye muhuri kwenye geti haisahauliki.

Mlango wa tatu hamuwezi kuusukuma, mnaweza kuuchungulia tu: mnunuzi asipolipa bei na gharama ndani ya siku 20, mauzo yake yanaweza kuvunjwa na nyumba ikarudi mnadani kwa hasara yake. Wanaita fol anshere. Mwenye depo ya saruji sidhani atakosa 60,000, lakini nimeshaona vigogo wakikwama.

Claudine_M

Naomba niulize kwa upande wa wake. Bwana wangu aliweka parseli yetu garanti bila mimi kujua. Hakuna mnada bado, ila uisie amefika jana. Mimi sikusaini popote.

Karani_wa_Kabine

Mama Claudine, wewe acha kusoma uzi huu na utafute avoka leo, kwa sababu uko upande mzuri wa muda. Kanuni yetu ya Familia, ile ya 1987 iliyorekebishwa 2016, inataka makubaliano ya bwana na bibi wote wawili ili kuweka ipoteki (rehani ya nyumba) juu ya parseli, hata kama mlioana kwa kutenganisha mali. Omba nakala ya mkataba wa ipoteki uone kama kuna saini inayodaiwa kuwa yako. Kama ipo na siyo yako, hilo ni jambo lingine, zito zaidi. Jambo hili lisemwe kabla ya odiansi evantueli.

Nadine_Kampemba

Kwetu shemeji alisaini, nimeona.

Mzee_wa_Kenya

Wakuu, mimi yangu haina tribinali hata kidogo. Nipo komini ya Kenya, hapahapa Lubumbashi. Nilichukua dola 3,000 kwa banki Lambert mmoja, mkopeshaji wa mtaani, tukakubaliana 30% kila mwezi. Nikamwachia livre de lojeri, kile kitabu cha nyumba, na akanisainisha karatasi inayosema nimemuuzia nyumba, "kwa usalama tu" alisema. Nimelipa faida miezi mitano kwa simu. Mwezi wa sita nikashindwa. Sasa amekuja na vijana anasema nyumba ni yake tangu zamani na nitoke. Hiyo haki ya kukomboa mimi ninayo au sina?

Papa_Jado_Rwashi

Eeh! 30% kwa mwezi?!

Karani_wa_Kabine

Mzee, kwenye uzi huu wewe ndiye mwenye kesi nzuri kuliko wote, na hujui.

Yaya wa Nadine aliuziwa na tribinali. Wewe hujauziwa na mtu. Ipoteki ya kweli inawekwa juu ya parseli yenye cheti cha konservateri, na inaandikwa kwenye cheti chenyewe. Livre de lojeri si cheti hicho. Kuishika mkononi hakumpi huyo bwana ipoteki yoyote, kumempa karatasi tu. Na hata angekuwa na ipoteki, sheria ya OHADA ya dhamana ya 2010 inakataza makubaliano ya kwamba ukishindwa kulipa nyumba inageuka yake, kama ni nyumba ya kukaa watu. Makubaliano ya namna hiyo yanaruhusiwa kwa kampuni au mfanyabiashara aliyeandikishwa, tena kwa jengo lisilo la makazi. Anayetaka kuuza nyumba yako lazima apite njia ndefu niliyoieleza juu, komandema na yote yanayofuata. Vijana wa mtaani siyo uisie.

Atasema: sikukopesha, nilinunua. Hapo ndipo ushahidi wako. Mnunuzi wa nyumba hapokei "faida" kila mwezi kutoka kwa aliyemuuzia! Zile meseji za malipo kwenye simu yako, usifute hata moja. Zichapishe, nenda kampuni ya simu uombe historia ya malipo yenye muhuri. Ujumbe wowote anaokuandikia "deni langu liko wapi" ni dhahabu. Mashahidi waliokuwepo siku ya kusaini, waandike majina sasa kabla hawajahamia Kasenga. Na bei: nyumba ya komini ya Kenya imeuzwa dola 3,000? Jaji yeyote ataona kuna mkopo umejificha chini ya mauzo. Zaidi ya hayo, kanuni ya adhabu ya nchi inaadhibu mtu anayetumia shida au ujinga wa mkopaji kujipatia faida iliyopita kipimo. Hiyo ni ya kumwambia avoka wako, usimtishie nayo huyo bwana barabarani.

Deni lako la kweli lipo, utalilipa. Lakini usitoke ndani ya nyumba. Akileta karatasi ya degerpisema (amri ya kukutoa nyumbani), angalia imetoka tribinali gani na ina namba gani ya kesi.

Mzee_wa_Kenya

Mungu akubariki Karani. Na akija usiku?

Karani_wa_Kabine

Chefu wa mtaa ajue leo, na polisi wapokee malalamiko yako kwa maandishi. Usikae peke yako.

Tresor_Golf

Kwa hiyo Mama Nadine amepata hasara kwa kufuata banki ya kisheria, na Mzee ana nafuu kwa kukopa kwa Lambert. Nchi yetu 😂

Banki_na_Jasho

Mzee analipa 30% kwa mwezi, unaita nafuu? Na Mama Nadine kuna kitu hamjamwambia. Nyumba imeuzwa 60,000, deni 41,000. Banki haichukui 60,000 yote. Inachukua deni, faida na gharama zilizothibitishwa, na kinachobaki ni cha yaya yake.

Karani_wa_Kabine

Sawa kabisa, nilikuwa nafika huko. Kama mdai ni mmoja tu, sheria inataka alipwe ndani ya siku 15 baada ya mnunuzi kuleta pesa, na ndani ya muda huohuo salio apewe mwenye nyumba. Kama kuna wadai wengine walioandikwa kwenye cheti, wanapita mbele yake. Mama Nadine, yaya yako amwandikie grefiye sasa hivi, atoe anwani yake na namba ya akaunti, aombe hesabu ya gharama kipengele kwa kipengele. Gharama huwa zinanenepa pesa ikikaa bila mtu wa kuiuliza.

Na pigeni hesabu kwa utulivu. Mkipandisha, bei inakuwa angalau 66,000. Muyomba analipa 66,000 na gharama, banki inachukua yake, na salio linalorudi kwa yaya yako linakuwa kubwa zaidi kuliko la Ijumaa. Kwa familia, pesa halisi inayotoka nje ni deni na gharama, nyingine inazunguka ndani ya ukoo. Hiyo ndiyo njia pekee ninayoiona ambayo kwa vitendo inafanana na kukomboa. Lakini muyomba awe na 66,000 mkononi kwanza, ya kwake mwenyewe, siyo ahadi. Akishindwa kulipa, fol anshere inamgeukia yeye. Na mwenye saruji anaweza kuja kikao kipya akataja 70,000. Je, muyomba atamfuata mpaka wapi? Amueni hilo nyumbani, siyo mbele ya mshumaa.

Nadine_Kampemba

Muyomba ana 50,000 yake. Shemeji wa Kipushi anasema ataongeza 16,000 na gharama, ila anataka jina lake liwepo kwenye cheti pia.

Papa_Jado_Rwashi

Haya sasa yameanza.

Karani_wa_Kabine

Ni haki yake, pesa ni yake. Watangaze wote wawili pamoja na waandike kwa notere kila mmoja ana sehemu gani. Yaya yako asiguse pesa hiyo hata kwa kuipitisha kwenye akaunti yake, isije ikasemwa kwamba ni yeye anayenunua kwa mgongo wa watu.

Juu ya siku: siku za sheria hii zinahesabiwa bila kuingiza ile ya kwanza wala ile ya mwisho, kwa hiyo kwa karatasi mnafika mpaka Jumanne ya wiki ijayo. Msiifikie. Grefe inaweza kukosa umeme, grefiye anaweza kuwa msibani. Tangazo liwekwe Alhamisi asubuhi, na avoka awe na uthibitisho wenye saa na muhuri. Baada ya hapo kuna barua za kumtaarifu mnunuzi na banki zenye siku zake, avoka azishike mwenyewe.

Mutoto_wa_Grand_Rapids

Familia ikikwama kwenye gharama za avoka, Mama Nadine niandikie inbox. Sisi watu wa Kampemba tuliopo huku tutaona.

Nadine_Kampemba

Asante wote. Muyomba amepanda basi la leo jioni kutoka Likasi. Swali la mwisho, Papa Karani: ile sehemu ya kumi inahesabiwa kwenye bei ya mnada tu, au bei pamoja na gharama?

Karani_wa_Kabine

Bei kuu ya mnada. 6,000 juu ya 60,000. Gharama zinakuja pembeni, mwombeni grefiye awaandikie jumla yake kabla muyomba hajasaini.